Pevu si Bivu

Leo nataka tuzungumze juu ya kivumishi kimoja cha Kiingereza ambacho hata Waingereza wenyewe wengi wao hawakitumii, kisha tuzungumze juu ya kivumishi kimoja cha Kiswahili tulicho nacho mkononi na tunachokiacha kipotee.

Neno la Kiingereza ni klaimakteriki. Kijana mmoja anayesomea kilimo cha bustani pale Tengeru, hapa Arusha, aliniuliza tunaliitaje kwa Kiswahili. Amelikuta katika somo la matunda baada ya kuvunwa, mwalimu amelieleza vizuri, naye amelielewa. Shida yake iko nyumbani. Mama yake anauza ndizi, na kijana akirudi likizo hana namna ya kumsimulia mama alichojifunza. Swali lake limenikaa moyoni, kwa sababu naamini mama yule analijua jambo hilo kwa mikono yake, na neno lake analo.

Tuanze na hilo la kigeni. Asili yake ni Kigiriki, na kwa Wagiriki lilikuwa kipandio cha ngazi. Watu wa kale wa Ugiriki na Roma walidhani maisha ya binadamu ni ngazi, na kila baada ya miaka saba mwili hukanyaga kipandio kipya. Pale pa kukanyaga ndipo penye hatari ya maradhi na kifo. Kipandio kilichoogopwa kuliko vyote ni mwaka wa 63, yaani saba mara tisa. Kaisari Augusto, huyo huyo anayetajwa katika Injili ya Luka kwamba aliamuru watu wahesabiwe, alimwandikia mjukuu wake Gaius barua ya furaha alipouvuka mwaka huo salama. Baadaye sana waganga wa Ulaya wakalichukua neno hilo wakalitumia kwa kipindi ambacho hedhi ya mwanamke inakoma.

Habari ya vipandio vya umri haitushangazi sisi wa chini ya Mlima Meru. Waarusha, kama ndugu zao Wamaasai, wamepanga maisha ya mwanamume kwa rika: layoni, morani, mzee, na kila rika lina jina ambalo mtu hulibeba mpaka kaburini, Seuri, Makaa, Landisi na mengine. Ila hapa mtu hapandi peke yake akihesabu saba zake. Rika zima hupanda pamoja, na wakubwa ndio wanaotazama na kusema sasa vijana hawa wamefika.

Turudi kwa neno la ngazi: maana yake ya tatu ndiyo iliyomfikia kijana wetu. Katika miaka ya 1920, pale Cambridge, wanasayansi wawili, Franklin Kidd na Charles West, walikuwa wakipima namna tofaa linavyopumua baada ya kuchumwa. Ndiyo, tunda hupumua: huvuta oksijeni na kutoa hewa ya ukaa kama mimi na wewe. Waliona pumzi ya tofaa ikishuka polepole, ikishuka, halafu ghafla inapanda juu kwa kasi, na mara baada ya hapo tunda linabadilika rangi, linalainika, linanukia. Kupanda huko kwa pumzi wakakuita kwa neno lile la ngazi. Mwaka 1934 Mwingereza mwingine, Richard Gane, akathibitisha kwamba tofaa lenyewe hutoa gesi inayoitwa ethilini, na gesi hiyo ndiyo inayoliamsha tunda liive. Tunda moja likianza kuitoa, la jirani nalo huamka.

Matunda, basi, yamegawanyika makundi mawili. Yako yanayoweza kuendelea kuiva baada ya kukatwa: ndizi, parachichi, embe, papai, nyanya, pasheni. Yako yasiyoweza: chungwa, limau, nanasi, zabibu, stroberi. Tunda la kundi hili la pili ukilichuma chachu, litabaki chachu hata ulifunike kwa blanketi. Kundi la kwanza ndilo linaloitwa kwa neno hilo refu.

Sasa sikiliza methali ya wahenga wetu: mvumbika changa hula mbovu, mvumbika pevu hula mbivu.

Hapo pana kitenzi kimoja na hali nne za tunda. Kuvumbika ni kulifukia au kulifunika tunda ili liive: katika shimo lililotandikwa majani makavu ya mgomba, katika pipa, katika gunia la mahindi, katika chungu kilichozibwa mdomo. Wengine hufukiza moshi kidogo, na moshi una ethilini ndani yake. Wengine hutia ndizi moja iliyokwisha kuiva katikati ya zile za kijani, nayo hiyo moja ndiyo chanzo cha gesi. Aliyebuni methali hakuwa na maabara, lakini kanuni aliyoiweka ni ile ile: gesi na shimo haviwezi kuiivisha changa. Changa ukiivumbika inaoza. Inayokubali kuvumbikwa ni pevu.

Na pevu, msikilizaji, haijaiva. Hapa ndipo wengi wetu tunapoteleza, nami naomba tuende taratibu. Pevu ni tunda lililofika ukubwa wake wa mwisho na kukusanya ndani yake kila kitu linachokihitaji ili liive, hata kama kwa nje bado ni la kijani na gumu kama jiwe. Bivu ni lile lililokwisha kuiva. Baina ya pevu na bivu kuna siku, pengine wiki, na katika siku hizo ndimo biashara yote ya ndizi duniani inamoishi. Meli zinazobeba ndizi kutoka Amerika ya Kusini kwenda Ulaya zinabeba pevu. Zikibeba mbivu zitashusha uji. Lori linaloshuka na mikungu kutoka vijiji vya Meru kwenda sokoni linabeba pevu. Mchare, ile ndizi ya kupika, unaomenywa kwa ajili ya mtori, au kwa machalari yenye nyama na mafuta, ni mpevu. Ukiiva, mtori umeharibika; ukiwa mchanga, una utomvu na hauna unga.

Ukitaka kujua mtu anavyoipima pevu, nenda soko la Tengeru siku ya Jumamosi, usimame karibu na akina mama wanaoshusha mikungu. Hawaulizi mgomba ulipandwa lini. Mama anashika chane, anapitisha kidole gumba juu ya ubavu wa ndizi moja. Ndizi changa ina pembe kali. Ndizi pevu pembe zimefifia, mwili umejaa, umekuwa wa mviringo. Anaangalia ncha: ua lililokauka linadondoka likiguswa. Anainua mkungu kidogo ili uzito uuseme ukweli wake. Kisha anataja bei, na bei hiyo imebeba ujuzi wa vizazi.

Neno hili lina ukoo mzuri. Kamusi za zamani zina kitenzi kupea, yaani kufika ukubwa wa mwisho, na hapo tunapata pevu, kupevuka, upevu. Ni njia ile ile iliyotupa sikivu kutoka kusikia, tulivu kutoka kutulia, na kavu iliyo ndugu wa kukauka. Watu wa pwani waliipandisha pevu hadi mbinguni: mwezi uliojaa ni mwezi mpevu. Kwa nazi, ambayo wao wameizoea kuliko sisi tulivyozoea ndizi, walikwenda mbali zaidi wakaipa kila hatua jina lake: kidaka, kitale, dafu, koroma, nazi. Mtu wa Pangani hawezi kuchanganya dafu na koroma, kwa sababu lugha yake haimruhusu. Sisi wa bara tuna hatua hizo hizo katika ndizi na parachichi, na neno la kuzitenganisha tunalo.

Siku hizi mahali pa pevu tumeweka komaa. Katika mafunzo ya wakulima, kwenye vipeperushi, hata humu redioni, utasikia tunda lililokomaa. Silikatai neno hilo, ni Kiswahili. Lakini lina nyuso nyingi mno. Mchicha uliokomaa ni mchicha mgumu ambao umechelewa kuuchuma. Bamia lililokomaa hulitupi mchuzini, limekuwa nyuzi. Vijana wa hapa mjini wakiambiana komaa, wanamaanisha vumilia, kaza, usikubali kushindwa. Ukimwambia mkulima avune parachichi lililokomaa, umemwachia kubahatisha: gumu? kubwa? la zamani? Pevu haina utata huo. Inasema jambo moja: limejaa, linaweza kumalizia lenyewe.

Na kubahatisha kunaumiza, hasa kwa parachichi. Zao hili limeingia kwa nguvu katika miteremko ya Meru na Kilimanjaro, kule ambako kahawa ilitawala, na limebeba ada za shule za watoto wengi. Lina tabia ya ajabu: haliivi mtini kabisa. Parachichi pevu linaweza kuning'inia wiki nyingi, hata miezi, likiwa gumu vile vile, kwa sababu mti wenyewe unalizuia kulainika. Mpaka likatwe. Likikatwa likiwa pevu, baada ya siku kadhaa linakuwa siagi. Likikatwa changa, linasinyaa ngozi, nyama yake inakuwa kama mpira, ina maji, haina mafuta, na mlaji anayelitupa jalalani leo hatanunua kesho.

Macho peke yake hayatoshi kwa parachichi, hasa aina ya Hass, kwa kuwa changa na pevu vyaweza kulingana ukubwa. Wenye uzoefu hupasua moja kutoka kila upande wa shamba na kutazama ganda la kokwa. Kwa changa ganda hilo ni jeupe na nene, limegandamana na nyama. Kwa pevu limekuwa jembamba na la kahawia, kama karatasi. Wenye vifaa hukata kipande, wakakipima, wakakikausha katika tanuri hadi maji yote yatoke, wakapima tena kilichobaki. Kanuni za kimataifa za biashara ya chakula zinataka Hass iwe na angalau asilimia 21 ya kitu kikavu. Ukizisoma kanuni hizo utakuta sentensi ndefu inayosema, kwa maana yake, kwamba tunda liwe limefika hatua ya ukuaji itakayoliwezesha kuendelea kuiva hadi mwisho. Sentensi nzima hiyo kwa Kiswahili ni silabi mbili.

Majirani zetu wa Kenya wamefika mahali pa kufunga uvunaji. Mamlaka yao ya kilimo na chakula imekuwa ikisimamisha, kuelekea mwisho wa mwaka, usafirishaji wa parachichi aina ya Hass na Fuerte kwa meli, ili changa zisiende Ulaya kuharibu jina la nchi. Huku kwetu mkulima mdogo hubanwa na muda: dalali anakuja na fedha taslimu, ananunua mti mzima, anaukung'uta wote kwa siku moja, pevu na changa gunia moja. Mkulima anajua. Lakini ada inadaiwa Jumatatu. Simlaumu mkulima huyo hata kidogo. Ninachotaka ni kwamba wakati wa kuandika mkataba, hata wa karatasi ya daftari, neno pevu liandikwe ndani yake, na alama ya ganda la kokwa iandikwe, ili mzigo ukikataliwa mbele ya safari ijulikane ni nani aliyechuma changa. Kuhusu kabaidi, ile dawa ya kuchomelea vyuma ambayo baadhi ya wafanyabiashara huitumia kuyatia maembe rangi ya njano, nitasema kwa kifupi: ina mabaki ya sumu, na linaloivishwa nayo likiwa changa lina rangi ya bivu na ladha ya changa. Usinunue.

Nimesema pevu ni kitu kinachoweza kumalizia chenyewe. Shikilia maana hiyo, kwa sababu inatupeleka kwa watu, na kwa mlima huu huu.

Mwaka 1919 mataifa yaliyoshinda Vita vya Kwanza vya Dunia yalipoandika mkataba wa Shirikisho la Mataifa, kifungu cha 22 kilisema kuna watu wasioweza bado kusimama peke yao katika dunia ya sasa, na kwamba wawekwe chini ya ulezi. Tanganyika ikawa miongoni mwao. Baada ya vita vya pili ulezi ukahamia Umoja wa Mataifa, Uingereza ikabaki mlezi. Novemba 1951, mlezi huyo akawahamisha kwa nguvu maelfu ya Wameru kutoka Engare Nanyuki, nyumba zikachomwa, ardhi ikatengwa kwa ajili ya walowezi wa Kizungu wafuge ng'ombe. Wameru wakachangishana. Wakamtuma Kirilo Japhet, mtu wa hapa hapa, kwenda New York, akisaidiwa na wakili Earle Seaton, mzaliwa wa Bermuda aliyekuwa akifanya kazi Moshi. Mwaka 1952 Kirilo akasimama mbele ya Baraza la Udhamini la Umoja wa Mataifa na kueleza kesi ya watu wake. Ardhi haikurudishwa siku hiyo. Azimio la kuwaunga mkono lilikosa theluthi mbili za kura katika Baraza Kuu. Hata hivyo dunia nzima ilikuwa imemsikia mtu wa taifa lililoambiwa haliwezi kusimama, akiwa amesimama.

Miaka miwili baadaye, 1954, ujumbe wa Umoja wa Mataifa ulizunguka Tanganyika na kupendekeza kwamba nchi ingeweza kujitawala ndani ya miaka 20 hadi 25, pengine mapema zaidi. Uingereza ikaona hata hesabu hiyo ni ya haraka mno. Uhuru ukaja tarehe 9 Desemba 1961, miaka saba tu baada ya ujumbe ule.

Mimi nalisoma jambo hili kwa jicho la mama wa Tengeru. Watawala walitaka kuona bivu mtini: wasomi wa kutosha, wahandisi wa kutosha, mahakimu wa kutosha, ndipo wakate. Hawakutaka kujiuliza swali la pevu, kama watu hawa wanacho ndani yao cha kuwamalizia safari. Wameru walioketi mikutano, wakachangishana senti, wakachagua msemaji na kumfikisha New York, walikuwa wameonyesha ganda la kokwa lilivyo. Na taifa, kama parachichi, haliwezi kuivia mtini. Uzoefu wa kujitawala haupatikani kabla ya kujitawala.

Maana hiyo hiyo inanipa ujasiri wa kusema jambo lingine, la karibu zaidi na nyumba zetu. Binti wa miaka kumi na mitatu akivunja ungo, utasikia mtu mzima akisema amepevuka. Kitabu cha baiolojia nacho kinasema yai limepevuka, na hapo ni sahihi, ni yai. Mtoto mwenyewe hajapevuka. Mifupa yake ya nyonga bado inakua, masomo yake hayajakwisha, hana sauti mbele ya mume wala mbele ya wakwe. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 iliruhusu msichana aolewe akiwa na miaka 15, na hata 14 kwa ruhusa ya mahakama. Mwanaharakati Rebeca Gyumi alivipeleka vifungu hivyo, cha 13 na cha 17, Mahakama Kuu. Julai 2016 mahakama ikasema vinakwenda kinyume na Katiba, ikaitaka serikali ivirekebishe, na Oktoba 2019 Mahakama ya Rufani ikaukubali uamuzi huo. Wazazi wenzangu, tunajua vizuri mvumbika changa anakula nini. Safari hii anayeharibika ni mtoto.

Nirudi kwa kijana wetu wa bustani, maana anasubiri jibu na mtihani uko karibu. Kwa lile kundi la ndizi na parachichi, napendekeza tuseme matunda ya kuvumbika. Kwa lile kundi la chungwa na nanasi, matunda ya kuivia mtini. Nanasi halina mti, najua, lakini mkulima ataelewa kwamba linaivia shambani. Ile hatua ambayo pumzi ya tunda inapanda kwa ghafla tuiite mpando wa pumzi, mpaka wataalamu wa Baraza la Kiswahili la Taifa, BAKITA, watakapotupa bora zaidi. Na hali ambayo tunda linapaswa kuwa nayo siku ya kukatwa, hiyo haihitaji neno jipya.

Walimu wa kilimo wa Tengeru mnaonisikiliza, na ninyi mabwana shamba na mabibi shamba wa Meru na Arumeru yote, msimu ujao mnapokwenda vijijini, pasueni parachichi moja mbele ya wakulima, onyesheni ganda la kokwa, na mtumie neno hilo. Wale wenye mizani na tanuri, andikeni asilimia ubaoni kando ya neno pevu, ili mtu aone kwamba kipimo cha maabara na kidole gumba cha mama wa sokoni vinazungumzia kitu kimoja. Na wewe msikilizaji unayejua jina la Kimeru au la Kiarusha la hatua hii ya ndizi, ile iliyojaa na haijaiva, tutumie kwa ujumbe wa simu. Tutayasoma yote wiki ijayo saa kama hii, pamoja na jina la kijiji unakotoka, kwa sababu naamini kutoka Ngaramtoni hadi Leguruki hayatakuwa sawa.